Lipu ya Upande wa Barabarani

Nyumba yenyewe ni ya tofali za kuchoma, vyumba vinne na ukumbi mwembamba, kando ya barabara ya Chalinze kwenda Segera, kabla kidogo ya kufika Mkata. Upande unaotazama barabara umepigwa lipu safi na kupakwa rangi kali ya kampuni ya simu, na juu yake kuna maandishi marefu kuliko mlango. Ukizunguka nyuma hukuti lipu wala rangi. Ni tofali tupu, udongo wa katikati umeliwa na mvua, na kwenye kona kuna tundu ambalo kuku wamelifanya mlango wao.

Nimepita mbele ya nyumba ile nadhani mara ishirini, ndani ya basi, nikienda Tanga kumwona mama. Kila mara niliuona ule ukuta kama anavyouona abiria yeyote: sekunde tatu. Nilizipima kwa simu, safari mbili, nimekaa dirishani. Kwa abiria nyumba ile haina nyuma. Siku nilipomwomba konda anishushe pale, alinitazama kama mtu aliyepitiwa na usingizi. "Kaka, hapa hakuna kituo." Nikamwambia najua.

Sikuwa naenda kumsalimia mtu. Nilikuwa naenda kushuti ukuta.

Kazi yangu ni filamu za makala, lakini zile ambazo ukimsimulia mtu anakuuliza, "Sasa stori iko wapi?" Hazina msimulizi, wala hazina mtaalamu aliyekaa mbele ya rafu ya vitabu akifafanua mambo. Nachukua picha na sauti, hasa za matangazo ya biashara, naziunganisha mahali pasipo pake ili nione zitasema nini. Wenyewe tunaziita filamu za majaribio. Mama anaziita "hivyo vipande vyako".

Na kabla sijaanza kuyachokonoa matangazo, niliyatengeneza. Nilianza kama mbeba nyaya, mwanzoni mwa miaka ya 2000. Dar es Salaam wakati ule ilikuwa na uchu wa matangazo. Vituo vya luninga Bara vilikuwa vimeanza mwaka 1994 tu (Zanzibar walikuwa nayo tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, tena ya rangi, na hawachoki kutukumbusha), kampuni za simu zilikuwa zikigombea wateja, na kila mwenye kiwanda cha unga au cha mafuta alitaka mtoto anayecheka kwenye skrini.

Siku moja tulikuwa tunashuti tangazo la mafuta ya kupikia. Jiko lilikuwa la nyumba ya kukodi Mbezi Beach, jeupe, unaona kabisa kwamba halijawahi kuunguza hata kitunguu. Katikati ya meza alikaa kuku. Alikuwa ameokwa kidogo tu ili ngozi isinywee, ndani mbichi, nje kapakwa kwa brashi sosi ya soya iliyochanganywa na sabuni ya maji ya kuoshea vyombo. Mvuke ule mtamu uliokuwa ukipanda ulitoka kwenye pamba iliyoloweshwa na kuchemshwa, imefichwa nyuma ya bakuli. Matone kwenye chupa ya soda yalikuwa gliserini na maji, kwa sababu maji peke yake hukauka chini ya taa. Katika kazi nyingine, ya nafaka za asubuhi, maziwa yalikuwa gundi nyeupe. Maziwa ya kweli hulowesha nafaka kabla mtu wa kamera hajamaliza kupima mwanga.

Saa nane mchana tukapumzika. Sote, pamoja na yule mama wa tangazo mwenye tabasamu, tukaenda nyuma ya jenereta kula wali maharage wa mama ntilie. Kuku akabaki peke yake mezani, anang'aa. Jioni nikaambiwa nikamtupe. Getini mlinzi wa nyumba ya jirani akaniona. "Dogo, huyo unampeleka wapi? Nipe mimi." Nikamweleza: mbichi, ana sabuni, hafai. Hakuniamini hata kidogo. Mbele yake kulikuwa na kuku aliyeiva vizuri kuliko kuku wote aliopata kuwaona, na kijana mchoyo anayemtia kwenye mfuko wa taka. Alinitazama kwa dharau mpaka tulipomaliza kupakia vyombo kwenye gari.

Yule mlinzi nimemfikiria miaka mingi. Kampuni iliyotuita kazini ilinilipa baada ya miezi mitano, nayo pia niliifikiria, lakini si kwa muda mrefu kama mlinzi.

Filamu yangu ya kwanza kwa hela yangu mwenyewe niliifanya kwa hasira. Nilitaka kuonyesha kwamba sote tunalishwa kuku mbichi. Malighafi niliipata kwenye mikanda ya VHS. Mitambo ya analojia ya Dar es Salaam ilizimwa usiku wa kuamkia mwaka 2013, watu wakahangaikia ving'amuzi, na wengi wakatumia nafasi hiyo kuondoa na TV za chogo, deki na masanduku ya mikanda yaliyokuwa yamejaa chini ya vitanda. Fundi mmoja wa Ilala alikuwa ananiuzia sanduku zima kwa bei ya chai na chapati mbili. Sikutafuta filamu. Nilitafuta mikanda ambayo watu walirekodi vipindi kutoka kwenye luninga na matangazo yakabaki ndani, kwa sababu hakuna aliyejali kuyakata.

Hapa niseme jambo la ufundi, pengine litamsaidia mwenzangu. Mkanda uliokaa miaka kumi kwenye joto la Dar huota kuvu, utaiona kama unga mweupe pembeni ya roli. Usiutie kwenye deki yako nzuri. Kuwa na deki mbovu ya kuharibia: mkanda upelekwe mbele wote, urudishwe wote, bila kucheza, ndipo usafishe hedi, kile kichwa cha deki kinachosoma mkanda, kwa spiriti. Ukija kuucheza, rekodi palepale kwenye kompyuta, maana unaweza usicheze tena. Mikanda minne ililiwa na deki mbele ya macho yangu, na mmoja kati ya hiyo ulikuwa na tangazo la redio kaseti nililokuwa nimelitafuta mwaka mzima.

Lakini kitu kilichonikamata kwenye mikanda hakikuwa matangazo. Watu walikuwa wanarekodi juu ya vitu vya zamani. Mpira unacheza, matangazo yanapita, mpira unarudi, mwisho picha inakwaruza, na pale kipindi kipya kinapokatika kile cha zamani kinachomoza kutoka chini, kama kanzu ya ndani. Mkanda mmoja ulikuwa hivyo: tangazo la jokofu, mlango unafunguka, mwanga wa buluu, mwanamke anashika shavu, picha ikakwaruza, tukaingia kwenye harusi ya mtu. MC ameshika maikrofoni, sauti imepasuka, anatangaza zawadi kutoka kwa wafanyakazi wenzake bwana harusi. Vijana wanne wanaingia ukumbini wamebeba jokofu, linayumba, lina utepe mwekundu, kina mama wanapiga vigelegele. Bibi harusi anashika shavu, vilevile kama yule wa tangazo.

Hakuna mhariri aliyepanga vile. Nilikaa na ile sehemu wiki tatu nikitafuta namna ya kuiboresha, na kila nilipoigusa iliharibika. Mwishowe nikaiacha ilivyo, na nikajifunza kitu ambacho hakikunifurahisha: vipande vyangu vya hasira, nilivyovipanga kwa akili nyingi, vilionekana vya bandia vikikaa karibu na kile.

Basi, katika vipande hivyo vya akili nyingi kilikuwamo kimoja nilichojivunia sana. Wanaosoma mambo ya uhariri wanajua jaribio la Mrusi Lev Kuleshov, karibu miaka mia moja iliyopita: alichukua uso uleule wa mwigizaji, usio na hisia yoyote, akauweka kando ya bakuli la supu, kisha kando ya jeneza, na watazamaji wakaapa kwamba mtu yule mara ana njaa, mara ana majonzi. Nami nikachukua uso wa mama wa tangazo la sabuni, mwenye tabasamu la meno yote, nikauunganisha na picha niliyoishuti Manzese: ndoo sitini na kitu zimepangwa foleni kwenye bomba, hakuna maji, watu wamekaa juu ya ndoo zao. Uso, ndoo. Uso, ndoo. Mara saba.

Nilionyesha filamu kwenye ukumbi mmoja wa utamaduni mjini, watu kama arobaini. Wakapiga makofi pale pa ndoo. Baadaye mtu akauliza kama wananchi wa kawaida wanatambua kwamba wanadanganywa, nami nikajibu kwa dakika sita. Ninayo rekodi ya jibu langu. Sipendi kuisikiliza.

Wiki mbili baadaye nikaenda Tanga, Ngamiani, nikamwekea mama kwenye kompyuta. Alitazama amejitanda kanga, kimya. Tulipofika kwenye uso na ndoo akacheka kidogo. Nikamuuliza anachekea nini.

"Huyu mama anafurahi. Maji yametoka."

"Hayajatoka, mama. Wamekaa foleni, hakuna kitu."

"Sasa yeye anacheka nini? Ameyaona yanakuja."

Nikaanza kumweleza kejeli iliyokuwamo. Alinisikiliza kwa adabu, kama anavyomsikiliza mtu wa bima. Kisha akainuka, akaenda chumbani, nikasikia kabati linafunguka. Alirudi na kanga mbili kuukuu, zimekunjwa, akazifungua mapajani. Katikati yake kulikuwa na karatasi ya sabuni ya Lux, imefifia, mikunjo yake imelainika kama kitambaa.

Nilikuwa nimesahau kabisa. Mwaka 1983 nilikuwa darasa la kwanza. Vita ya Uganda ilikuwa imekomba fedha za kigeni, viwanda havina malighafi, madukani rafu tupu. Kisha ikaja kampeni ya kuwasaka wahujumu uchumi, na hofu ikawa kubwa kiasi kwamba kuna waliotupa mali porini na baharini wasikutwe nayo. Kwetu tulioga kwa sabuni ya mche ya kufulia, iliyokatwa vipande kwa uzi. Ilipopatikana sabuni ya kunukia, kwa mjomba aliyekuwa akienda Mombasa, mama aliitoa kwenye karatasi, akaigawa nusu kwa dada yake, na karatasi akaiweka kati ya kanga zake za kutokea. Harufu ilikaa miezi. Karatasi yenyewe imekaa zaidi ya miaka thelathini. Alipokuja Mzee Mwinyi na watu wakamwita Mzee Ruksa, na mitumba na sabuni za kila rangi zikarudi barazani, mama hakuitupa.

"Hii nayo ni tangazo," akasema. Hakuwa ananifundisha; alikuwa anainusa.

Sikuwa na la kusema. Nilikuwa nimetengeneza filamu nzima kuhusu watu wanaopumbazwa na karatasi ya sabuni, na nimekulia ndani ya nyumba ambayo karatasi ya sabuni ilikuwa mali. Si kwamba tangazo halidanganyi. Linadanganya, nimeshika brashi ya sosi mwenyewe. Ila mimi nilikuwa nimehesabu uongo wa upande mmoja, na wa pili sikuuingiza kwenye hesabu kabisa: kwamba mnunuzi hana akili yake, hana kumbukumbu yake, amekaa tu mdomo wazi anasubiri kuingiziwa.

Rafiki yangu mmoja mhariri akaniambia nikaionyeshe kibandani. Kibanda umiza, kwa asiyekijua, ni chumba cha mabati au mbao chenye mabenchi na skrini moja, unalipa kiingilio kidogo unaangalia mpira au filamu, na jina linajieleza ukitoka na mgongo wako. Nikaenda Manzese, palepale nilipozishuti zile ndoo. Mwenye kibanda akanipa saa moja ya mchana, saa ambayo hakuna mechi, kwa sharti kwamba watu wasilipe kwa sababu "hatujui ni nini".

Dakika ya tatu watu wakaanza kuguna. Dakika ya nne mmoja akapaza sauti, "Oya, sauti!" Nikaeleza kwamba ndivyo ilivyo, haina maneno. "Imeharibika?" Haijaharibika. "Kwa hiyo ni ya viziwi?"

Mwenye kibanda aliona wateja wa kesho wanatoka. Akavuta maikrofoni anayotumia kutangaza mechi, akaketi kando ya skrini na kuanza kusimulia. Uswahilini hilo si jipya. Kina Lufufu walizitia Kiswahili filamu za Kihindi, za Kichina na za Kimarekani miaka mingi kabla ya wengi wetu kulisikia neno dabingi, mtu mmoja akibeba sauti za wote, shujaa, adui na mama mkwe, na kuweka na ya kwake juu yake. Huyu naye hakuwa ameiona filamu yangu hata mara moja. Mama wa sabuni akawa mke wa tajiri. Jokofu likawa mahari iliyocheleweshwa. Zilipofika ndoo akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Hapa ni kwa mama Chausiku hapa, msijifanye hampajui," na kibanda kizima kikalipuka, kwa sababu kweli palikuwa ni pale, na watu wakaanza kutafuta ndoo zao kwenye skrini. Mmoja akaiona ya kwake. Ilikuwa na kifuniko cha kijani. Akadai kwamba siku ile maji yalitoka saa kumi, mimi nilikuwa nimeshaondoka.

Yalitoka. Mama alikuwa sahihi.

Katikati ya haya yote, bila kubadili sauti, msimulizi akaongeza: "Na usisahau, leo saa mbili usiku Yanga, kiingilio mia tano, mabenchi mapya." Miezi minane nilikuwa nimehangaika kulitoa tangazo ndani ya tangazo. Yeye alilirudisha kwa pumzi moja, na filamu ikachangamka.

Nilirudi siku ya pili na kinasa sauti. Toleo ninaloonyesha sasa lina sauti yake mwanzo hadi mwisho, na vicheko vya benchi la nyuma. Nilimlipa, tukaandikiana. Alikuwa na ombi moja tu: mwishoni, kwenye majina, liwepo jina la kibanda na namba ya simu. Lipo. Kwenye tamasha moja mtu aliuliza kama hiyo ilikuwa kejeli.

Sasa turudi kwenye ile nyumba ya kabla ya Mkata, kwa bibi mwenye nyumba.

Nilishuka nikiwa na dhana yangu tayari, maana huwa siendi mahali bila dhana, ni ugonjwa. Kampuni imepiga lipu upande inaouhitaji, upande wa macho ya abiria, na kuuacha mwingine ubomoke. Nilishaiona shoti kichwani: kamera inaanza kwenye rangi, inazunguka taratibu bila kukatwa, inaishia kwenye tofali tupu na tundu la kuku. Dakika moja na nusu, hakuna neno. Ingetosha.

Alikuwa amekaa nyuma, kivulini, anapukuchua mahindi.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mwanangu. Umeshuka au umeshushwa?"

Nikamweleza. Akaniruhusu kushuti, nikazunguka nyumba mara sita na kamera begani, yeye akinitazama kwa jicho la pembeni kila nilipopita. Shoti ilikuwa nzuri. Nilipokaa kupumzika nikamuuliza, kwa sauti ya mtu anayejua jibu, kwa nini kampuni ilipiga lipu upande mmoja tu.

"Kampuni gani? Lipu nimepiga mimi. Mwaka niliouza ufuta. Sementi ilitosha upande mmoja."

"Na ukachagua wa barabarani?"

Akanitazama kama konda alivyonitazama. "Mgeni anaingilia wapi?"

Watu wa rangi walikuja baada ya kuiona lipu. Vijana watatu na ngazi. Waliomba, akakubali, akapata ukuta uliopakwa bila gharama, fulana mbili, na rangi iliyobaki kwenye kopo, aliyopakia mlango wa ndani. Tangu hapo walikuja wengine na wengine, na yeye ana kalenda yake: rangi hii ni mwaka aliozaliwa mjukuu huyu, ile ni mwaka alipokufa babu yao, wakapaka msiba ukiwa bado haujaanuliwa na ndugu wa mbali wakapotea njia kwa sababu walikuwa wameelekezwa nyumba ya rangi nyingine.

Nikamwomba nikwangue kipande kidogo. Akakubali, ukubwa wa sinia. Nilitumia kisu, msasa na maji, siku mbili, nikilala kwa mwalimu mmoja pale Mkata. Nilihesabu rangi sita kabla ya kufikia sementi. Kwa kazi yangu sijawahi kupata mkanda ulio bora kuliko ule. Kila tabaka ni biashara ya miaka miwili mitatu, imelala juu ya mwenzake, na kingo zake zinaonekana kama miaka ya mti. Baadhi ya zile rangi hazikuwa hata kampuni tofauti. Celtel ikawa Zain mwaka 2008, Zain ikawa Airtel mwaka 2010, na kila jina jipya lilihitaji ngazi na rola barabara nzima. Nilipomweleza bibi akasikitika kidogo. "Mimi nikajua ni watu wengine. Kumbe mtu mmoja anabadili kanzu."

Alikuwa pia ananufaika kwa namna ambayo sikuitegemea. Watu walipoanza kutuma hela kwa simu, wengi pale kijijini walikuja kusoma namba za huduma ukutani kwake, halafu wakamuuliza yeye zinatumikaje, kwa kuwa ukuta ni wake. Akajifunza ili asiaibike. Sasa anawasaidia wazee wenzake kutoa hela wanazotumiwa na watoto walioko mjini, na wanamwachia chochote, mayai, nazi.

Siku ya kuondoka ndipo aliponiuliza.

"Na wewe unalipa shilingi ngapi?"

Nikaanza: filamu yenyewe haiuzwi sana, ni kazi ya kuelimisha, itamsaidia mtazamaji kuelewa jinsi biashara inavyo...

"Hata wale walisema ni kwa faida yangu," akasema.

Nilifunga mdomo. Nilikuwa nimesimama mbele ya ukuta ambao nimeukwangua, na kamera yenye picha zake, na ningeondoka bila kuacha hata kopo la rangi. Vijana wa ngazi walikuwa wameacha fulana. Tukaanza kupatana. Alitaka mifuko mitano ya sementi, mimi nikasema miwili, tukamalizana kwa mitatu, na alikuwa mkali kuliko wafanyabiashara wengi wa Kariakoo niliowahi kushindana nao. Nikauliza hiyo ni kwa muda gani, kwa utani. Hakutania. "Mpaka mwaka uishe."

Ile shoti ya kuzunguka nyumba niliitumia, lakini niliigeuza. Inaanzia nyuma sasa, kwa kuku na mahindi, inakuja mbele, na inapofika kwenye rangi inasikika sauti yake: "Sementi ilitosha upande mmoja." Watazamaji wa mjini bado wanaguna kwa huzuni wanapoona tofali tupu. Watazamaji wa Mkata, nilipowapelekea, waliguna pale walipoiona lipu. Waliisifu.

Novemba iliyopita nikiwa Kariakoo, katikati ya kelele za Mtaa wa Kongo, simu ikaita. Namba yake.

"Wale wa rangi wamekuja tena," akasema. "Safari hii nimewaambia na wao walipe. Wamekwenda kumuuliza bosi wao."

"Na pale nilipokwangua?"

"Nimewaambia pale wasiguse, pana mwenyewe. Ila mwaka unaisha, mwanangu." Nikasikia mahindi yanaanguka kwenye sufuria. "Ukituma, weka na ya kutolea."